Nasibu Nayo Ina Bwana Wake

Masomo: Ruthu 2:1-16, Mithali 16:33, Luka 13:1-5

 

Jioni moja, baada ya ibada ya Jumapili, mume na mke walitujia nyumbani. Tuliwajua vizuri, kwa maana tuliwafungisha ndoa sisi wenyewe, na watoto wao watatu tuliwabatiza. Walikaa kimya hata chai ikapoa. Kisha yule mama akasema, "Kasisi, tumekuja na swali moja tu. Je, sisi tumelaaniwa, au tumepigiwa kura?"

Wawili kati ya watoto wao watatu wana ugonjwa wa selimundu. Huu ni ugonjwa wa damu. Chembe nyekundu za damu, ambazo kwa kawaida ni za mviringo, hupinda mfano wa mundu, zikaziba mishipa midogo, na mtoto hulia usiku kucha kwa maumivu ya mifupa. Wazazi wale walikuwa wameizoea njia ya hospitali kuliko njia ya sokoni. Na huko kwao maneno yalikuwa mengi. Jirani mmoja alisema ni laana ya ukoo. Mhubiri mmoja mgeni alisema ni dhambi iliyofichwa. Waiungame, nao watoto watapona. Basi waliungama yote waliyoyakumbuka, hata makosa ya utotoni, lakini watoto hawakupona.

Ndipo ndugu mdogo wa yule baba, kijana aliyesoma sana, akawaambia, "Kaka, nawe shemeji, acheni kujitesa. Hakuna laana, wala hakuna Mungu wa kumwuliza. Ulimwengu wote waendeshwa na uwezekano tu. Dadu imetupwa, ikaangukia kwenu."

Yule mama akatuambia, "Maneno ya laana yalituvunja moyo. Maneno ya shemeji yalitupumzisha kwa siku mbili, kisha yakatutia baridi. Maana kama ni dadu tu, tunapoomba usiku tunasema na nani?"

Wapenzi, swali hilo si la wazazi wale peke yao. Liko katika nyumba nyingi, hata katika nyumba za Wakristo. Leo twataka kulijibu kwa utaratibu. Wala hatutamdharau yule kijana, kwa sababu katika maneno yake mna jambo la kweli ambalo Kanisa halina haja ya kuliogopa.

Na tuufikirie kwanza ulimwengu anaousema. Ni ulimwengu ambao katika kiti cha enzi, mahali pa mfalme, pamewekwa dadu. Mvua ikinyesha, ni dadu. Ikikosekana, ni dadu. Mtoto akizaliwa mzima, ni dadu. Akizaliwa mgonjwa, ni dadu vilevile. Mtawala huyo hana chuki na mtu, hilo ni kweli, lakini pia hana huruma. Anajua kuhesabu watu kwa maelfu, wala hajui jina la hata mmoja.

Tena hana kumbukumbu. Mkirusha shilingi juu mara kumi, ikaanguka kwa upande uleule mara zote kumi, mara ya kumi na moja nafasi ya upande ule bado ni nusu kwa nusu. Shilingi haikumbuki ilivyoanguka jana. Yule mama alikuwa amejiambia kwamba, baada ya watoto wawili wagonjwa, hakika wa tatu atakuwa mzima, kana kwamba kuna mtu anayeandika deni lake na kulilipa. Nasibu hailipi deni. Wa tatu ni mzima, twamshukuru Mungu. Lakini si kwa sababu nasibu iliwaonea wazazi wake haya.

Je, elimu ya leo yasema nini? Elimu ya uwezekano ilianza kupata njia mwaka 1654, wakati wataalamu wawili wa hesabu wa Ufaransa, Blaise Pascal na Pierre de Fermat, walipoandikiana barua. Swali lao lilitoka kwa wacheza kamari: mchezo ukikatizwa kabla ya kwisha, fedha zilizowekwa zigawanywe namna gani kwa haki? Kwa swali hilo dogo waliona kwamba hata bahati ina kanuni zake, na zaweza kuhesabiwa.

Lakini sikilizeni jambo lililompata Pascal mwaka huohuo. Usiku wa tarehe 23 Novemba 1654, tangu yapata saa nne na nusu hata yapata saa sita na nusu, Mungu alimtembelea. Si Mungu wa mabishano ya wenye falsafa, bali Mungu wa Ibrahimu, wa Isaka na wa Yakobo. Aliandika habari ya usiku ule, akaishona ndani ya koti lake, wala hakuitangaza. Iligunduliwa baada ya kufa kwake mwaka 1662. Kwa hiyo mtu yuleyule aliyewafundisha wanadamu kuhesabu nasibu ndiye aliyetembea miaka minane na ushuhuda wa Mungu aliye hai karibu na kifua chake. Yeye hakuona kwamba jambo moja lalifukuza lingine.

Katika karne ya ishirini wenye elimu walikwenda mbali zaidi. Mwaka 1926 Max Born, Mjerumani, alionyesha kwamba tukifika kwenye vitu vidogo kabisa, ndani ya atomu, hatuwezi kusema kwa hakika kitu kitakuwa wapi. Twaweza kusema uwezekano wake tu. Rafiki yake Albert Einstein hakupendezwa. Alimwandikia mwaka huohuo kwamba hakuamini Mungu anacheza dadu, ingawa Mungu aliyemsema Einstein hakuwa yule tunayemkiri katika Imani ya Mitume. Wataalamu wameendelea kubishana juu ya maana ya mambo hayo hata leo. Lakini majaribio yamezidi kumwelemea Einstein, na mwaka 2022 Alain Aspect, John Clauser na Anton Zeilinger walipewa Tuzo ya Nobel kwa kazi yao katika jambo hilo.

Tutoe mfano mmoja. Katika kila kitu chenye uhai, mti, ng'ombe, hata mwili wa mwanadamu, mna kaboni kidogo ya aina iitwayo kaboni 14. Atomu zake hugeuka moja moja na kuwa naitrojeni. Ukiichukua atomu moja, hakuna profesa duniani awezaye kukuambia itageuka leo jioni au baada ya miaka elfu kumi. Lakini ukichukua nyingi pamoja, miaka 5,730 ikipita, nusu yake itakuwa imegeuka. Utaratibu huo ni imara hata watu huutumia kupima umri wa mifupa na magogo ya kale.

Mmeona, wapenzi? Nasibu yenyewe imewekewa mpaka. Haiwezi kwenda itakako. Katika Ayubu sura ya 38 Bwana amwambia Ayubu jinsi alivyoifungia bahari milango, akayaambia mawimbi mahali pa kukomea. Sisi twaiona nasibu kuwa kama bahari ile. Ina mawimbi, na kila wimbi laonekana kuruka lipendavyo, lakini pwani iko. Hatusemi kwamba jambo hili lamlazimisha mtu yeyote kuamini. Twasema tu kwamba anayeiona nasibu kuwa ndiye mfalme ameisahau sheria ambayo nasibu yenyewe yaitii.

Katika Kanisa letu la Anglikana alikuwako John Polkinghorne, aliyefundisha elimu hiyo ya vitu vidogo katika Chuo Kikuu cha Cambridge. Mwaka 1979 aliacha kiti chake cha uprofesa akaingia chuo cha theolojia, na mwaka 1982 akawekewa mikono kuwa kasisi. Hata kufa kwake mwaka 2021 aliendelea kufundisha kwamba Mungu hakuviumba vitu vyake kama vibaraka wa kuvutwa kwa kamba. Aliupa ulimwengu nafasi ya kukua na kujitokeza, na katika nafasi hiyo nasibu inayo kazi yake. Nafasi hiyo ndiyo iletayo uzuri wa aina nyingi, na ndiyo iletayo pia hatari.

Sasa tufungue Biblia. Wengine hudhani Biblia haijui neno bahati. La, yalijua sana. Mhubiri, sura ya 9, atuambia kwamba mbio si lazima azishinde mwenye kasi, kwa kuwa wakati na bahati huwapata watu wote. Katika mfano wa Msamaria Mwema, Bwana Yesu mwenyewe asema kuhani yule alipita njia ile kwa nasibu. Naye Ruthu, alipotoka kwenda kuokota masuke, hakujua shamba ni la nani. Kitabu chake chasema ilitukia tu kwamba shamba lile lilikuwa la Boazi. Lakini juu ya hayo yote Mithali 16:33 yatuwekea paa: mwanadamu aweza kuirusha kura, ila uamuzi wake wote uko kwa Bwana.

Angalieni, maneno hayo hayasemi kwamba kura haipo. Hayasemi kwamba kila kura ni adhabu au ni thawabu. Yasema kura haiko juu ya Bwana.

Na adhabu je? Hapo Bwana Yesu amesema waziwazi, nasi hatuna ruhusa ya kusema kinyume. Mnara wa Siloamu ulianguka ukaua watu kumi na wanane. Watu walitaka kujua walikuwa wametenda nini. Bwana alikana kabisa kwamba walikuwa wakosaji kuliko wenzao wa Yerusalemu, kisha akawageuzia neno wale waliokuwa wazima: tubuni ninyi. Twasikitika kwamba hata leo wako wahubiri wanaosimama chini ya mnara ulioanguka na kuwahesabia waliokufa dhambi zao. Hiyo si Injili.

Basi tuliwaambia nini wazazi wale?

Kwanza tuliwaeleza kama madaktari waelezavyo. Kila mtu hupokea urithi wa damu yake kwa sehemu mbili, moja kwa baba na moja kwa mama. Wazazi hawa kila mmoja alikuwa na sehemu moja nzima na moja yenye kasoro, nao wenyewe hawaugui. Kwa wazazi wa namna hiyo, katika kila mimba iko nafasi moja katika nne kwamba mtoto atapokea sehemu mbili zenye kasoro, naye ataugua. Ziko nafasi mbili katika nne kwamba atakuwa kama wazazi wake, na nafasi moja katika nne kwamba hatakuwa na kasoro hiyo kabisa. Hapo hapana mchawi, wala hapana dhambi ya babu.

Tena tuliwaambia jambo ambalo hawakupata kulisikia. Mwaka 1949 Anthony Allison, aliyelelewa hapa Kenya, alipima damu za watu wa sehemu mbalimbali za nchi yetu. Akaona urithi huu ni wa watu wengi pwani na kando ya Ziwa Victoria, na ni wa watu wachache katika nyanda za juu zenye baridi. Mwaka 1954 akaeleza sababu: mtu mwenye sehemu moja tu ya kasoro hiyo hupata kinga dhidi ya malaria kali. Yaani, kitu kilekile kinachowaumiza watoto hawa yawezekana ndicho kilichomwokoa bibi yao na homa alipokuwa mchanga. Yule baba aliposikia hayo akainamisha kichwa, akasema polepole, "Kumbe si laana. Ni ngao iliyokatika."

Lakini hatukuweza kuishia hapo, kwa maana swali la mama lilikuwa bado: tunasema na nani? Tukawasomea habari za Ruthu. Bahati ilimfikisha Ruthu shambani kwa Boazi, lakini masuke yale hayakuanguka kwa bahati. Boazi aliwaagiza vijana wake wayachomoe katika miganda na kuyaacha makusudi, wala wasimkemee. Kura ilimleta mjane mgeni mpaka mpakani mwa shamba. Mtu mcha Mungu ndiye aliyemlisha. Na katika ukoo wa Ruthu na Boazi alizaliwa Daudi, na katika ukoo wa Daudi akazaliwa Kristo.

Hali kadhalika, nasibu iliyompitisha kuhani njia ya Yeriko ilimpa nafasi ya kumsaidia mtu aliyejeruhiwa, naye akaikataa. Huenda basi tunakosea tunapouliza tu, "Kwa nini jambo hili limemwangukia fulani?" Tujiulize pia, "Sisi tulio karibu na shamba hili, je, tumemwachia masuke?"

Na mwisho tuliwapeleka Kalvari. Mwakumbuka kwamba askari waliigawa nguo ya Bwana kwa kupiga kura. Fikirini mahali pale. Chini ya msalaba watu wanacheza mchezo wa bahati, mmoja anapata na wengine wanakosa. Juu yao, kwa kimo cha mti tu, Mwana wa Mungu anawafia haohao. Hakutengwa na ulimwengu wa kura. Aliingia humo, akavuliwa hata vazi lake. Tunapoomba usiku, wapenzi, twasema na yeye. Nasibu haikumbuki jina la mtoto. Yeye, kama asemavyo nabii Isaya katika sura ya 49, hata mama akimsahau mtoto wake wa kunyonya, yeye hatatusahau.

Mwaweza kuuliza, "Je, Mungu aliichagua kura ile iwaangukie watoto hawa?" Sisi hatuthubutu kusema kwamba twazijua shauri zake zote. Twajua alituumbia ulimwengu wenye nafasi, na twajua kwamba hakuna lililoanguka nje ya mkono wake. Katikati ya mambo hayo mawili imo siri, na siri hiyo twaibeba kwa kumtazama Kristo, si kwa kuwatupia lawama wagonjwa.

Sasa, ndugu zetu, yako mambo matatu ya kutenda.

La kwanza, tuache kuwahukumu wenye mateso. Ukimtembelea mgonjwa, mpelekee uji na sala, uache swali la nani alikosa.

La pili, tusiiabudu nasibu. Wako vijana wetu, na hata wazee wa kanisa, wanaoweka karo ya watoto katika michezo ya kubahatisha kwenye simu, wakisema ipo siku. Hesabu aliyoianza Pascal yaonyesha wazi kwamba mwenye mchezo hupanga kanuni zake ili mwisho wake apate yeye. Kumwekea tumaini bwana asiyekujua jina ni utumwa.

La tatu, tutumie maarifa. Uwezekano si ukuta. Mara nyingi waweza kusogezwa. Alalaye ndani ya chandarua amepunguza nafasi ya malaria. Wachumba wanaposubiri matangazo ya ndoa yao yasomwe kanisani, twawashauri wapimwe damu mapema, waijue hali yao na kushauriana na daktari. Na mtoto mwenye selimundu apelekwe kliniki bila kukosa, ale dawa zake kila siku, anywe maji ya kutosha, akingwe na baridi na malaria. Kufanya hivyo si kukosa imani. Ni kuwa wafanyakazi pamoja na Mungu katika nafasi aliyotupa.

Wazazi wale hawakuondoka kwetu na muujiza. Watoto wao bado wanaugua, na usiku mwingine bado wanalia. Lakini juma lililofuata akina mama wa kanisa walipanga zamu: mtoto akilazwa, mmoja wao hukaa naye usiku ili mama yake apate kulala. Yule kijana msomi naye ameanza kushika zamu moja, ingawa kanisani bado haji. Twamshukuru Mungu kwa ajili yake. Na yule mama alipokuwa akisimama mlangoni jioni ile alisema, "Basi nitaendelea kuomba, kwa kuwa yuko anayesikia. Na kesho asubuhi tutakwenda kliniki."

Na tuombe.

Ee Mungu Baba, uliyeiwekea bahari mpaka na kuzihesabu nywele za vichwa vyetu, twawaleta mbele zako wote ambao kura imewaangukia vibaya: watoto wagonjwa, wakulima waliokosa mvua, waliofiwa ghafula. Utuondolee ukali wa kuwahukumu. Utufanye kuwa Boazi kwa walio karibu nasi. Na usiku tusipoelewa, utupe kujua kwamba wewe u macho, kwa Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.

Mungu awabariki. Kwaherini.